Namna ya Kwenda Sokoni Athens na Chenji Mdomoni

Sukutua kinywa kwanza. Mtu wa Athens wa karne ya 5 au ya 4 KK akienda sokoni huiweka chenji yake mdomoni, kati ya shavu na fizi, na hakuna anayemshangaa. Vazi lake ni kitambaa cha kujitanda na kubana kwa pini, halina mfuko. Vipochi vya ngozi vipo, lakini wakata vipochi nao wapo, na mji mzima unaijua kazi yao. Kilichomo shavuni hakikatwi kwa kisu. Kwa hiyo usile kitunguu kabla ya kulipa, na njiani usiongee sana.

Mwongozo huu utakusaidia kuimaliza siku nzima ya Athens bila kuaibika: ununue unga, kuni na dagaa, upokee chenji kamili, uchukue posho yako ya kikao, uvuke bahari, na hata ufe kwa utaratibu unaokubalika. Hautakufundisha lolote kuhusu ile sarafu kubwa ya bundi, tetradrakma ya gramu 17, inayopamba majalada ya vitabu. Ile ni ya hazina, ya meli za kivita na ya wafanyabiashara wa mbali. Mpelekee muuza maharage sarafu ile asubuhi na mapema, utamfungia biashara yake, kwa maana chenji ya kukurudishia hana. Mji ule uliishi kwa vipande vidogo vya fedha ambavyo ukipiga chafya vinaruka, na mimi naamini kwamba asiyevijua vipande hivyo hajaijua Athens, hata kama amesoma habari za vita vyake vyote.

Zoea kuhesabu kwa sita

Hesabu ya kumi iweke kando mpaka utakapopata utajiri. Drakma moja ni oboli 6. Drakma 100 ni mina, mina 60 ni talanta, kwa hiyo talanta moja ina oboli 36,000. Wagiriki wenyewe walisimulia kwamba kabla ya sarafu watu walilipana kwa mishikaki ya chuma, na mishikaki sita ndiyo inayojaa mkononi. Katika hekalu la Hera karibu na Argos wachimbuaji walikuta fungu la mishikaki kama hiyo, ndefu na yenye kutu. Ukisahau hesabu, kumbuka mkono uliojaa.

Drakma ya Athens ina uzito wa gramu 4.3 hivi, na oboli ni gramu 0.72. Wengi wangeishia hapo. Athens haikuishia. Oboli ilikatwa nusu, ikawa hemioboli ya gramu 0.36. Nusu ikakatwa tena, ikawa tetartemorio ya gramu 0.18. Robo nayo ikakatwa, ikapatikana hemitetartemorio ya gramu 0.09, uzito wa punje nne hivi za mchele, na upana wake hauzidi milimita 5. Katikati ya hizo kuna sarafu ya robo tatu ya oboli, na juu yake kuna ya oboli moja na nusu, ya mbili, ya tatu na ya nne. Usizichanganye. Muuzaji hazichanganyi.

Sasa simama kidogo umwangalie anayezitengeneza. Muhuri mmoja umekazwa juu ya fuawe, wa pili ameushika mkononi, katikati kuna kidonge cha fedha kilichopimwa kwenye mizani, na nyundo inashuka. Katika eneo hilo la milimita 5 ni lazima upande mmoja utokee kichwa cha mungu wa kike Athena akiwa na kofia yake ya vita, na upande wa pili itokee alama ya sarafu pamoja na herufi za jina la mji. Mchonga mihuri alichonga yote hayo kinyumenyume, kwa jicho lake na kifaa chembamba. Halafu piga hesabu: kwa pigo moja la nyundo unapata tetradrakma nzima. Thamani ileile ukiitaka kwa hemitetartemorio, fundi atapima vidonge 192 na kupiga nyundo mara 192. Fedha ni ileile, kazi imezidi mara 192. Hakuna hazina inayofanya hivyo kwa ajili ya faida. Inafanya hivyo pale tu ambapo kuna watu wengi wanaohitaji kununua kitu kidogo sana, na mji umekubali kwamba mahitaji yao ni mahitaji ya mji.

Tena haikuwa Athens peke yake. Ng'ambo ya bahari, Colophon katika Ionia, limepatikana rundo la mamia ya sarafu ndogo za fedha za mwishoni mwa karne ya 6 KK, nyingine zikiwa na uzito wa sehemu ndogo tu ya gramu, zilizopigwa kwa mihuri mingi tofauti. Kwa muda mrefu wanazuoni walidhani kwamba sarafu za mwanzo zilikuwa za wakubwa na wafalme, na kwamba chenji ya sokoni ilikuja baadaye sana. Rundo lile, na mengine ya namna yake, limewalazimisha kufikiri upya. Mtu hachongi mihuri mingi hivyo kwa ajili ya mfalme. Mfalme hanunui kitunguu kimoja.

Tambua sarafu kabla haijaingia shavuni

Hakuna namba iliyoandikwa juu ya sarafu hizi. Ni picha tu. Kwenye oboli utaona bundi mmoja amesimama kiubavu, uso akiugeuzia kwako. Kwenye trioboli, ya oboli tatu, bundi amekukabili kwa mwili wote katikati ya matawi mawili ya mzeituni. Katika karne ya 4 KK dioboli ina kiumbe ambacho hutakisahau: bundi mwenye kichwa kimoja na viwiliwili viwili, kwa sababu sarafu yenyewe ni mbili katika moja. Tetroboli ina bundi wawili. Robo ya oboli ina hilali moja, na robo tatu ina hilali tatu.

Napenda sana hilali hizo. Mtu asiyejua kusoma wala kuandika, mgeni aliyeshuka melini jana, mtoto aliyetumwa mafuta, wote wanaweza kuhesabu hilali. Aliyebuni alama hiyo alimfikiria mteja wa mwisho kwenye foleni.

Hata hivyo, macho yako yafanye kazi mapema. Aristophanes, katika tamthilia yake ya Nyigu iliyoigizwa mwaka 422 KK, anamleta mzee anayelalamika kwamba alitapeliwa na mtu mmoja mcheshi. Wawili hao walilipwa posho zao kwa pamoja, drakma moja kwa watu wawili. Wakaenda kwa wauza samaki kuivunja. Yule mcheshi akaivunja, akampa mzee fungu lake, na mzee, kwa mazoea, akalitupia mdomoni. Yalikuwa magamba matatu ya samaki. Harufu ndiyo iliyomjulisha, akayatema.

Kuna mafunzo mawili hapo. La kwanza ni la usalama: tazama, gusa, ndipo utie shavuni. Oboli ni nyembamba na nyepesi kiasi kwamba gamba la samaki linaweza kupita kama oboli machoni mwa mtu mwenye haraka. La pili ni zito zaidi, nalo limejificha ndani ya kichekesho. Kwa nini watu wawili walipewa drakma moja? Kwa sababu mlipaji hakuwa na trioboli za kumtosha kila mtu. Pamoja na kupiga nyundo kote kule, chenji ilikuwa haitoshi, na ilipokosekana aliyeumia ni mwenye posho ndogo. Mwenye talanta hana haja ya kuvunja kitu kwa muuza samaki.

Onyo jingine linatoka katika Ndege, tamthilia ya mwaka 414 KK. Mtu mmoja alikuwa anakwenda kununua unga, oboli mdomoni, akamwona mwewe wa kwanza wa majira ya kuchipua. Kwa desturi ya Wagiriki, mwewe huyo husujudiwa. Mtu wetu akajitupa chali, akafungua kinywa, akaimeza oboli yake. Alirudi nyumbani na mfuko mtupu wa unga. Kwa hiyo unapokwenda sokoni tazama chini.

Panga bajeti ya oboli tatu

Chukua oboli tatu kama mfano, maana ndizo utakazozipata mara nyingi. Kazi ya kukaa mahakamani kama mwamuzi, ambayo kila mwaka ilikuwa na orodha ya raia 6,000, ilianza kulipwa kwa hoja ya mwanasiasa Pericles. Kiasi kilipandishwa hadi oboli tatu na mwanasiasa mwingine, Cleon, karibu na mwaka 425 KK. Fundi stadi aliyejenga hekalu la Erechtheion kuanzia mwaka 409 KK alipata drakma moja kwa siku, yaani mara mbili. Kwa hiyo trioboli ni nusu ya ujira wa fundi: inamtosha mzee asiyeweza tena kubeba mawe, lakini haimtoshi kijana kuacha kazi.

Katika Nyigu hiyohiyo kuna mtoto anayemwongoza baba yake gizani kwenda mahakamani na anaomba anunuliwe tini. Baba anakasirika. Kwa posho hii, anasema, nanunua mahitaji ya watu watatu: unga, kuni na kitoweo. Orodha hiyo haihitaji kufafanuliwa kwa mtu yeyote aliyewahi kusimama dukani akihesabu.

Tuifanye hesabu yake. Plutarch, aliyeandika karne nyingi baadaye, anasimulia kwamba rafiki wa Socrates alikuwa analalamikia maisha kupanda: mvinyo wa Chios mina nzima, vazi la zambarau mina tatu. Socrates akamshika mkono akampeleka penye unga wa shayiri. Oboli moja kwa kipimo cha zaidi kidogo ya lita nne. Kisha penye zeituni: kipimo cha lita moja na ushee kwa thamani ya robo oboli. Mji ni rahisi, akamwambia. Posho ya unga ya mtu mzima kwa siku ilihesabiwa kuwa lita moja hivi, basi oboli moja inawalisha watu watatu kwa siku na kubakiza. Robo ya oboli, ile yenye hilali moja, inalipa zeituni za siku kadhaa. Umebakiwa na oboli moja na robo tatu kwa kuni na kitoweo. Ndipo unapoelewa kwa nini mji ulihitaji sarafu ya gramu 0.18. Bila sarafu hiyo, mwenye haja ya zeituni za robo oboli angelazimika kununua za oboli nzima, au kukopa, au kula unga mtupu.

Kwa kitoweo, fuata dagaa. Katika Wapanda Farasi, ya mwaka 424 KK, muuza soseji analiteka baraza zima kwa habari moja tu: bei ya dagaa imeshuka kuliko wakati wowote tangu vita na Sparta vianze. Anawashauri kwa siri wakamate mabakuli yote mjini kabla umma haujasikia. Baadaye anatoa nadhiri ya mbuzi elfu kwa mungu wa kike iwapo dagaa watafika mia kwa oboli. Hiyo ni ndoto ya jukwaani, usiende sokoni ukiidai. Lakini ikitimia, mjane mwenye hemitetartemorio moja anaondoka na dagaa kumi na wawili, na mchuzi umepatikana.

Usikope kwa yule mwenye shavu lililovimba

Utamjua kwa mwendo wake. Theophrastus, mwanafunzi wa Aristotle, alichora tabia za watu wa Athens, na mmojawapo ni mtu asiye na haya anayewakopesha wachuuzi wa sokoni. Riba yake ni oboli moja na nusu kwa kila drakma, kwa siku. Hiyo ni asilimia 25 kwa siku moja. Anazunguka penye wauza vyakula vya kupikwa, wauza samaki wabichi na wauza samaki wa chumvi, na riba anayoikusanya anaitia shavuni.

Sarafu ya oboli moja na nusu ilikuwepo. Muuza samaki aliyeamka bila mtaji, akakopa drakma moja kununua kapu la samaki, jioni alimpa mtu huyu sarafu moja yenye uzito wa gramu moja hivi, na kesho akaanza tena. Chenji iliyomwezesha maskini kununua ndiyo iliyomwezesha mkopeshaji kumkamua kidogokidogo, bila kumwangusha, siku baada ya siku. Mkimbie.

Dai posho yako, na ujue inatoka wapi

Mkutano Mkuu wa raia, baada ya mwaka 403 KK, ulianza kulipa wanaohudhuria: oboli moja kwanza, kisha mbili, kisha tatu, yote ndani ya miaka michache. Wahi. Katika tamthilia ya Aristophanes kuhusu wanawake wanaotwaa bunge, ya karibu na mwaka 391 KK, mzee Chremes anafika amechelewa na anarudi mikono mitupu, akiuonea haya mfuko wake wa unga. Ukilipwa, nenda nyumbani moja kwa moja. Mzee wa Nyigu anasimulia furaha yake kubwa kuliko zote: kufika mlangoni na trioboli mdomoni, binti yake akimwosha miguu, akimwita baba, akimbusu, na huku akiivua trioboli kwa ulimi. Hiyo ndiyo kodi ya nyumbani, ilipe kwa moyo.

Kama huna uwezo wa kufanya kazi kwa sababu ya ulemavu, mji utakupa oboli moja kwa siku. Lakini jiandae kuhojiwa. Imebaki hotuba iliyotungwa na Lysias kwa ajili ya mtu mmoja ambaye mwenzake alitaka anyimwe oboli hiyo. Mshtaki alisema: huyu hana ulemavu, anapanda farasi. Mtu yule akajibu mbele ya Baraza kwamba farasi ni wa kuazima, kwa sababu hana uwezo wa kununua nyumbu, na kwamba wengine hutembea kwa fimbo moja, yeye anatumia mbili. Je, fimbo mbili nazo ni dalili ya afya? Baraza la watu 500 limekaa kusikiliza shauri la oboli moja, gramu 0.72 za fedha, na mtu maskini anasimama kulitetea kwa ufasaha kama wa waziri. Sijui shauri jingine la kale linaloonyesha vizuri zaidi jinsi mji ule ulivyohesabu. Na ulihesabu hivyo kila mahali. Kwenye mawe ya marumaru yaliyoorodhesha fungu la mungu wa kike kutoka katika michango ya miji washirika, kuanzia mwaka 454 KK, mji uliochanga drakma 500 umechongewa drakma 8 na oboli 2, kwa sababu sehemu ya sitini ndiyo hiyo. Oboli zile mbili ni vijiti viwili vilivyokatwa kwenye jiwe kwa patasi. Hazikuachwa kwa kuwa ni ndogo.

Lakini kuna oboli nyingine ya kila siku, na mwongozo usioitaja ungekudanganya. Sehemu kubwa ya fedha hii ilitoka Laurion, kusini mwa Attica, katika mashimo ambayo watumwa walitambaa wakiwa na taa za mafuta. Xenophon anaeleza jinsi watu wakubwa walivyotajirika huko. Nicias, jemadari na mchamungu anayesifiwa, alikuwa na watu 1,000 migodini. Aliwakodisha kwa Sosias wa Thrace kwa oboli moja kwa siku kwa kila kichwa, bila makato, na Sosias akiwajibika idadi isipungue. Tajiri mwingine, Hipponicus, alikuwa nao 600 kwa masharti hayohayo, wakamwingizia mina moja kila siku. Oboli aliyoipigania mtu wa fimbo mbili na oboli aliyoipokea Nicias kwa jasho la mtu aliye chini ya ardhi zilikuwa na bundi yuleyule. Mwaka 413 KK Wasparta walipojenga ngome Decelea, watumwa zaidi ya 20,000 walitoroka. Mji ulipigwa na mshtuko, na fedha ikaanza kukauka. Mimi kila nikiitazama sarafu ya robo oboli nafikiria pia miguu ya wale waliokimbia.

Ogopa shaba

Matokeo ya kukauka huko utayakuta sokoni. Mwishoni mwa vita, mwaka 406 KK hivi, Athens ilitoa sarafu za shaba zilizopakwa fedha. Kisha amani ikarudi na fedha ikarudi, na siku moja zikafutwa. Mhusika wa tamthilia ile ya wanawake anasimulia yaliyompata: ameuza zabibu, shavu limejaa shaba, amefika penye unga, na wakati anautega mfuko wake mpiga mbiu akatangaza kwamba shaba haipokelewi tena, ni fedha tu. Ukiona mpiga mbiu anapanda jukwaani, lipa haraka.

Kwa siku za kawaida, kaa karibu na mhakiki wa sarafu. Mwaka 375/374 KK ilipitishwa sheria ya Nikophon, na jiwe lake lilipatikana mwaka 1970 katika uchimbuaji wa soko la Athens. Mhakiki ni mtumwa wa umma. Anakaa kila siku kwenye meza za wabadilisha fedha, na mwingine aliwekwa bandari ya Piraeus. Akiona sarafu ina shaba au risasi ndani, anaikata palepale na inakuwa mali ya Mama wa Miungu. Akiona ni halali, hakuna mchuuzi mwenye ruhusa ya kuikataa. Atakayeikataa ananyang'anywa bidhaa zote alizoziweka siku hiyo. Mchuuzi akiwa mtumwa, anachapwa viboko 50. Mhakiki mwenyewe asipokaa mahali pake, viboko 50 pia. Fikiria: mtu asiye na haki ya kupiga kura ndiye anayeamua, mbele ya raia wote, ni fedha ipi iaminike.

Vuka bahari, hata ile ya mwisho

Nauli ya kutoka Aegina mpaka Piraeus, kwa mujibu wa Plato katika Gorgias, ni oboli mbili. Nahodha anakuokoa na kifo cha maji, anachukua oboli zake mbili, anashuka na kutembea ufukweni bila majivuno. Ukiwa Aegina ujue kwamba wenyeji wana sarafu zao za kobe na vipimo vyao vizito zaidi, drakma ya gramu 6 hivi, kwa hiyo pitia kwenye meza ya mbadilisha fedha kwanza na usijaribu kuhesabu kwa kichwa.

Kwa safari ya kuzimu, desturi ni oboli moja mdomoni mwa maiti, malipo ya Charon mwenye mtumbwi. Aristophanes katika Vyura, mwaka 405 KK, anaiweka nauli kuwa oboli mbili, na mungu Dionysus anashangaa jinsi oboli mbili zilivyo na nguvu mahali pote. Watazamaji walielewa, maana oboli mbili zilikuwa posho waliyoizoea wakati wa vita. Makaburini sarafu hupatikana, ila si katika kila kaburi. Familia nyingi zilimwacha marehemu ajitetee mwenyewe.

Ukitaka kuziona leo

Katikati ya karne ya 4 KK Athens ilikubali hatimaye sarafu ndogo za shaba kwa matumizi ya kila siku, nane kwa oboli moja. Wazo lilikuwa la zamani: katika karne iliyotangulia mshairi Dionysius alilipendekeza, wakambandika jina la utani la Dionysius wa Shaba. Watu wa Sicily na kusini mwa Italia walikuwa wametangulia. Shaba ni nafuu, sarafu yake inashikika, haipotei kwenye ufa wa sakafu, na fundi hapotezi macho yake. Hemitetartemorio za fedha zikaacha kupigwa.

Nenda kwenye Jumba la Makumbusho ya Sarafu la Athens, katika nyumba iliyokuwa ya Heinrich Schliemann. Ukiingia, macho yatavutwa na bundi wakubwa, wapite. Tafuta sarafu za gramu 0.18 na chini, na uombe kioo cha kukuzia. Tazama hilali, kisha tafuta pua ya Athena. Kumbuka kwamba vipande hivi vilipotea kirahisi kwa wenyewe na vinawapotea kirahisi wachimbuaji: udongo usipochekechwa kwa chekecheo la matundu madogo, vinapita. Wingi wake wa kweli unazidi tunaouona kabatini.

Na usinunue ile utakayouzwa mkononi bila hati ya mahali ilikotoka. Vifaa vya kutafutia vyuma vimezichimbua nyingi usiku na kuzitawanya, na oboli iliyong'olewa shimoni bila kuandikwa iliko imepoteza majirani zake: mfupa iliolala nao, chungu kilichoifunika, kina cha udongo. Inabaki na gramu 0.72 za fedha, ambazo sonara yeyote anaweza kukuuzia.